Wizi wa maandishi vyuoni: Mashine inahesabu maneno, nani anakagua vyanzo?

*Wanafunzi wanapigania kushusha asilimia za mfanano, vyuo vinaridhika na namba, na mwenye wazo lake anabaki bila kutajwa. Makala haya yanaangalia deni hilo linavyozaliwa na nani anapaswa kulilipa.*

MSIMU wa kukusanya tasnifu ukifika, maduka ya steshenari yanayozunguka vyuo vikuu hayalali. Mashine za kuchapa zinanguruma, karatasi za A4 zinashushwa kwa maboksi, na kwenye rafu yamepangwa majalada meusi na ya bluu yakisubiri kuandikwa majina kwa rangi ya dhahabu.

Katikati ya pilikapilika hizo kuna huduma isiyoandikwa kwenye bango la bei. Mwanafunzi anafika na flashi mkononi, anainama kwenye kaunta na kueleza shida yake kwa sauti ya chini: ripoti ya mfanano imesoma asilimia 38, chuo kinataka isizidi 25, na kesho ndiyo siku ya mwisho. Anaomba "ishushwe".

Fundi wa kompyuta hamuulizi aya hizo amezitoa wapi. Anafungua faili na kuanza kazi. "Wakulima wadogo" wanageuka "wazalishaji wa kiwango cha chini". Sentensi inayoanza na sababu inapinduliwa ianze na matokeo. Jedwali linageuzwa kuwa picha ili mashine isilisome. Ripoti ya pili inasoma 19. Tasnifu inafungwa jalada, na wote wawili wanashukuru Mungu.

Mchezo huo hauna chuo kimoja. Wanafunzi wanaufahamu, mafundi wanaufahamu, na wahadhiri wengi wanaufahamu pia. Umeota mizizi kwa sababu swali linaloulizwa pale mwisho ni moja tu: asilimia ngapi?

Mfanano si wizi

Programu inayotumika zaidi katika kazi hiyo ni Turnitin, iliyoanzia California, Marekani, mwishoni mwa miaka ya 1990. Leo ni biashara kubwa: mwaka 2019 iliuzwa kwa kampuni ya Advance kwa takriban dola bilioni 1.75.

Inavyofanya kazi si siri. Inachukua maandishi ya mwanafunzi na kuyalinganisha na kurasa za mtandaoni, majarida na kazi za wanafunzi wengine zilizokwisha kuhifadhiwa. Palipofanana panapigwa rangi, kisha ripoti inapewa alama: kijani ni mfanano chini ya asilimia 25, njano ni 25 hadi 49, rangi ya chungwa ni 50 hadi 74, na nyekundu ni kuanzia 75.

Wenye programu wenyewe husema kuwa haigundui wizi. Inaonyesha maneno yanayofanana, na uamuzi anaachiwa binadamu anayesoma.

Tofauti hiyo ni kubwa. Mwanafunzi wa sheria aliyenukuu vifungu vingi vya sheria na kuvitaja vyote ipasavyo anaweza kupata asilimia 40 akiwa hana kosa lolote. Mwingine anapata asilimia 5, na hoja nzima ya sura yake ya nne ameichukua kwenye makala ya Kiingereza, akaitafsiri kwa Kiswahili, akaiita yake. Mashine inayolinganisha maneno haimwoni kwa urahisi, kwa sababu hakuna neno hata moja linalolingana.

> Aliyepata asilimia 40 anaweza kuwa msafi, na aliyepata asilimia 5 akawa ndiye aliyeiba hoja nzima.

Wizi wa kubadilisha nguo

Kukopi na kupesti ukurasa mzima ni wizi ambao kila mtu anauona. Unaosumbua zaidi ni ule wa kubadilisha maneno mawili matatu na kuacha mwili wa sentensi ulivyo.

Tuchukue mfano wa kubuni. Tuseme kitabu cha Fulani kinasema: "Wakulima wa mwani wa pwani ya mashariki ya Unguja wamelazimika kuhamia kina kirefu kwa sababu maji ya kina kifupi yana joto linaloua mwani."

Mwanafunzi anaandika: "Walimaji wa mwani mashariki mwa Unguja imewabidi kwenda kwenye kina kirefu kwa kuwa maji ya kina kifupi yamekuwa na joto linaloangamiza mwani." Hakumtaja Fulani. Wanafunzi wengi wanaamini hapo wamejitahidi, kwa sababu "nimeandika kwa maneno yangu". Hata angeweka jina la Fulani mwishoni mwa sentensi, bado angekuwa na kosa: mpangilio, mfuatano na sehemu kubwa ya maneno si vyake, lakini anamwonyesha msomaji kana kwamba ni vyake.

Njia zilizo sahihi ni mbili. Ya kwanza ni kunukuu neno kwa neno, kuweka alama za kunukuu na kuandika (Fulani, 2016, uk. 42). Ya pili ni kufunga kitabu, kueleza ulichoelewa, kumtaja mwenyewe, kisha kusema wewe una nini cha kuongeza: "Fulani (2016) anahusisha kuhama kwa wakulima na joto la bahari. Wakulima waliohojiwa katika utafiti huu walitaja sababu nyingine, kugombea maeneo na hoteli za kitalii."

Katika mfano wa mwisho msomaji anaona mpaka. Hapa pameishia Fulani, hapa pameanza mtafiti. Bila kutaja chanzo mpaka huo unafutika, na pamoja nao unafutika hata mchango wa mwanafunzi mwenyewe, kwa sababu hakuna awezaye kujua kipi ni chake.

Konokono wa Harvard na mlolongo wa masheikh

Mtindo wa kuweka jina na mwaka ndani ya mabano, ambao wanafunzi wetu huuita mtindo wa Harvard, kwa kawaida huhusishwa na Edward Laurens Mark, mwanazuolojia wa chuo hicho, aliyeutumia mwaka 1881 katika andiko lake kuhusu konokono asiye na gamba. Chama cha Wanasaikolojia cha Marekani, APA, kilitoa mwongozo wake wa kwanza mwaka 1929 ukiwa na kurasa saba. Toleo la saba, la mwaka 2019, lina kurasa zaidi ya 400.

Ndiyo maana wapo wanaoona kuwa kutaja vyanzo ni jambo la Wazungu lililoletwa pamoja na majoho ya mahafali. Historia ya pwani yetu inakataa.

Katika elimu ya hadithi za Mtume, habari haikupokelewa bila isnadi: huyu kaipokea kwa yule, naye kwa fulani, mpaka ifike kwa aliyeshuhudia. Mlolongo ukikatika au akitiliwa shaka mmoja wa wapokezi, habari inadhoofika. Madrasa za Lamu, Mombasa na Unguja zilirithi utaratibu huo, na mwanafunzi aliyehitimu alipewa ijaza iliyoonyesha elimu yake imepitia kwa masheikh gani. Mtu hakuwa na aibu kusema amesoma kwa nani. Aibu ilikuwa kutokuwa na wa kumtaja.

Lengo la mlolongo ule na la orodha ya marejeo ni lilelile: kumpa msomaji njia ya kurudi nyuma na kukagua mwenyewe. Asilimia ya mashine haimpi njia hiyo.

Mpemba aliyetajwa kwanza

Faida ya kumpa mtu haki yake inaonekana vizuri katika tukio lililoanzia hapa Tanzania.

Mwaka 1963 Erasto Mpemba, mwanafunzi wa Shule ya Sekondari Magamba mkoani Tanga, alikuwa akitengeneza aiskrimu na wenzake. Nafasi kwenye friji ilikuwa finyu, akaharakisha kuweka mchanganyiko wake wa maziwa na sukari ukiwa bado wa moto. Ukaganda kabla ya ule wa mwenzake ambao haukuchemshwa. Alipomuuliza mwalimu wake wa fizikia, aliambiwa amechanganyikiwa.

Akiwa Shule ya Sekondari Mkwawa, Iringa, alimuuliza swali lilelile Denis Osborne, mhadhiri wa fizikia kutoka Chuo Kikuu cha Dar es Salaam aliyekwenda kutoa mada. Wenzake wakacheka. Osborne hakucheka. Alirudi Dar es Salaam, jaribio likafanyika maabara, na mwaka 1969 makala yao ikachapishwa katika jarida la Physics Education.

Jina la kwanza kwenye makala ile ni la Mpemba. Osborne alikuwa na shahada, maabara na uzoefu wa kuandika. Angeweza kuandika peke yake na kumshukuru "mwanafunzi mmoja wa sekondari" kwenye tanbihi. Hakufanya hivyo. Leo wanafizikia duniani wanaliita jambo hilo athari ya Mpemba.

Wanasayansi bado wanabishana. Mwaka 2016 Burridge na Linden walichapisha katika jarida la Scientific Reports utafiti unaohoji kama athari hiyo ipo kweli. Wenye kuitetea wanarudi kwenye maandiko ya zamani ya Aristotle, Bacon na Descartes, ambao nao waligusia jambo la namna hiyo. Mjadala huo unawezekana kwa sababu kila aliyesema ametajwa, na kila jaribio linaweza kufuatwa lilikotoka.

> Osborne angeweza kumshukuru "mwanafunzi mmoja wa sekondari" kwenye tanbihi. Jina la kwanza kwenye makala ni la Mpemba.

Waziri aliyepoteza udaktari

Wanaotaka mkono mkali wana mifano ya kutosha kutoka nje.

Februari 2011, Andreas Fischer-Lescano, profesa wa sheria wa Bremen, alikuwa akiandika mapitio ya tasnifu ya Karl-Theodor zu Guttenberg, Waziri wa Ulinzi wa Ujerumani, akakuta vipande visivyotajwa vilikotoka. Gazeti la Süddeutsche Zeitung likaichapisha habari hiyo. Watu mtandaoni wakajigawia kurasa na kuzipekua moja moja. Ikaonekana hata utangulizi ulianza kwa maneno ya makala ya gazeti ya mwaka 1997. Chuo Kikuu cha Bayreuth kilimvua udaktari mwezi huohuo, na Machi 1 akajiuzulu uwaziri.

Mwaka uliofuata Pál Schmitt, Rais wa Hungary, alijiuzulu baada ya kuvuliwa udaktari alioupata mwaka 1992. Mwaka 2013 ikawa zamu ya Annette Schavan, Waziri wa Elimu wa Ujerumani, ambaye tasnifu yake ilikuwa ya mwaka 1980. Kosa hili halina muda wa kuchacha: tasnifu inakaa maktaba ikimsubiri mwenye subira ya kuisoma.

Kwa kambi hii, hoja ni rahisi. Shahada ni ahadi kwa umma kwamba aliyeipewa aliifanyia kazi. Daktari, mhandisi au mtakwimu aliyepita kwa kazi ya wengine ataingia wodini, kwenye daraja au kwenye bajeti ya halmashauri akiwa na cheti bila ujuzi. Kwa hiyo mashine zinunuliwe, ukomo uwe mdogo na adhabu ziwe kali.

"Hatukufundishwa"

Kambi ya pili inajibu kwamba huwezi kumfunga mtu kwa sheria ambayo hukumsomea.

Mwanafunzi wa kawaida anafika chuoni akiwa amepita miaka mingi ya elimu iliyomzawadia kwa kurudisha maneno ya mwalimu kama yalivyo. Sekondari amesoma kwa madesa, yaani vitini visivyo na jina la mwandishi wala mwaka, vinavyonakiliwa kizazi hadi kizazi. Kwenye mtihani, aliyekumbuka ufafanuzi neno kwa neno ndiye aliyepata alama. Mwaka wa kwanza chuoni anaambiwa kitendo kilekile sasa ni wizi.

Kuna na lugha. Huyu anaandika kwa Kiingereza, ambacho kwa wengi ni lugha ya pili au ya tatu. Akikuta sentensi iliyonyooka, anaogopa kuigusa asije akaivunja. Anaiacha ilivyo, anabadilisha neno moja, anasonga mbele. Hapo panahitajika mafunzo kabla ya kamati ya nidhamu.

Kozi ya stadi za mawasiliano ya mwaka wa kwanza hugusa marejeo, lakini mara nyingi katika ukumbi wa mamia ya wanafunzi, na kinachokaririwa ni mahali pa kuweka nukta na mkato. Kwa nini chanzo kitajwe, na mpaka wa wazo langu na la mwenzangu uko wapi, hayo hayapati muda.

Na hata wakubwa hawakubaliani kosa linaanzia wapi. Claudine Gay alipojiuzulu urais wa Chuo Kikuu cha Harvard Januari 2, 2024, baada ya miezi sita tu, madai ya kutumia maneno ya wengine bila kuwataja ipasavyo yalikuwa miongoni mwa yaliyomwelemea, pamoja na mzozo wa kisiasa uliokuwa ukimzunguka. Baadhi ya waandishi ambao maneno yao yalitumika walisema hawakuona tatizo la maana. Mwingine, Carol Swain, alilalamika wazi kuwa amedhulumiwa. Ikiwa wenye kazi wanatofautiana, asilimia moja ya kukata shauri kwa vyuo vyote ni jambo la kujidanganya.

Nairobi inaandika, London inahitimu

Kwa upande wa Kenya tatizo lina sura nyingine. Kwa miaka sasa vijana wenye shahada, wengi wao wakiwa hawana ajira, wamekuwa wakiandika insha na tasnifu za wanafunzi wa Uingereza na Marekani kwa malipo. Gazeti la New York Times liliandika habari zao mwaka 2019. Filamu ya The Shadow Scholars ya mwaka 2024 inamfuata Patricia Kingori, profesa wa Oxford mzaliwa wa Kenya, akikutana na waandishi hao.

Kazi wanazouza ni mpya, zimeandikwa kuanzia sentensi ya kwanza, na mara nyingi vyanzo vyake vimetajwa vizuri kuliko anavyoweza mnunuzi. Ripoti ya mfanano inatoka kijani kibichi. Kilichoibwa hapo ni jina lililo juu ya jalada.

Australia ilitunga sheria dhidi ya biashara hiyo mwaka 2020, na Uingereza ikaiharamisha England mwaka 2022. Sheria hizo zinawalenga wauzaji. Kijana wa Nairobi anayejua takwimu, saikolojia na uuguzi kwa kiwango cha kuwafaulisha wenzake Ulaya anabaki bila jina katika elimu yoyote.

Akili mnemba na marejeo ya hewani

Novemba 30, 2022 ChatGPT ilifunguliwa kwa umma, na ukaguzi wa mfanano ukapata pigo jipya. Programu hii haikopi ukurasa. Inatunga sentensi ambayo haipo popote, na inaweza kutunga hata chanzo: jina la mwandishi, mwaka, jarida na kurasa, vyote vikiwa na sura ya ukweli na hakuna kilichopo.

Mawakili wawili wa New York walilijua hilo kwa gharama. Katika kesi dhidi ya shirika la ndege la Avianca waliwasilisha mahakamani rejea za hukumu sita zilizobuniwa na programu hiyo. Juni 2023 Jaji Kevin Castel aliwatoza, pamoja na ofisi yao, faini ya dola 5,000.

Vyuo vilikimbilia mashine nyingine, za kunusa maandishi ya akili mnemba. Turnitin ilitoa yake Aprili 2023. Agosti mwaka huohuo Chuo Kikuu cha Vanderbilt, Marekani, kiliizima kwa kutoridhishwa na uhakika wake.

Kwa wanafunzi wa Afrika Mashariki kuna onyo la pekee. Mwaka 2023 watafiti wa Stanford walivipa vigunduzi saba insha 91 za mtihani wa TOEFL, zilizoandikwa na watu ambao Kiingereza si lugha yao ya kwanza. Kwa wastani, zaidi ya asilimia 60 ya insha hizo zilidaiwa kuandikwa na mashine. Sababu ni kwamba mwenye msamiati mdogo huandika sentensi nyepesi zinazotabirika, na vigunduzi vinaziona sentensi hizo kuwa za kompyuta.

Fundi wa steshenari naye ana wenzake katika sayansi ya kimataifa. Mwaka 2021 watafiti watatu, Guillaume Cabanac, Cyril Labbé na Alexander Magazinov, walifichua makala zilizochapishwa majaridani zikiwa na istilahi za kushangaza: akili mnemba imeandikwa kwa maneno yenye maana ya fahamu ya kughushi, saratani ya matiti imekuwa hatari ya kifuani. Waandishi walikuwa wamepitisha kazi za wengine kwenye programu za kubadilisha maneno ili zisigunduliwe. Kwenye mashine ya mfanano zilipita. Wasomaji watatu waliosoma kwa makini ndio waliozikamata.

> Vigunduzi vya akili mnemba vilizituhumu zaidi ya asilimia 60 ya insha za watu ambao Kiingereza si lugha yao ya kwanza.

Wakubwa nao wana deni

Mjadala huu ukimlenga mwanafunzi peke yake unakuwa wa upande mmoja.

Msimamizi anayeweka jina lake la kwanza kwenye makala iliyotokana na tasnifu ya mwanafunzi, ilhali hakukusanya data wala kuandika, anatenda kosa la aina ileile. Kamati ya kimataifa ya wahariri wa majarida ya tiba, iliyoanzia kwenye kikao cha Vancouver mwaka 1978, inataka kila mwandishi atimize masharti manne kwa pamoja: awe amechangia kwa uzito katika utafiti, ameshiriki kuandika au kuhakiki, ameidhinisha nakala ya mwisho, na yuko tayari kuwajibika kwa kilichoandikwa. Cheo si sharti la tano.

Fasihi ya Kiswahili yenyewe ina deni la zamani. Mashairi ya Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyefariki mwaka 1840, yalitufikia kwa sehemu kubwa kwa kazi ya Mwalimu Sikujua, aliyeyakusanya na kuyafafanua pamoja na mmisionari William Taylor. Kule Lamu, Muhammad Kijuma aliwanakilia tenzi kwa mkono wataalamu wa Ulaya, akiwemo Ernst Dammann. Miswada iliingia maktaba za Ulaya na majina ya wageni yakakaa juu ya majalada. Imebidi watafiti wa baadaye wafukue ndipo mchango wa Sikujua na Kijuma ueleweke.

Hali hiyo inaendelea uwandani. Bibi aliyemsimulia mtafiti ngano kumi na mbili anaingia kwenye tasnifu akiitwa "Mtoa taarifa 7". Kanuni za maadili zinataka majina yafichwe pale panapoweza kutokea madhara, na ni sawa kwa mgonjwa au mtoto. Fundi wa jahazi, malenga au mganga wa mitishamba anayesimulia elimu yake ni mwandishi ambaye hakuandika. Aulizwe kama angependa kutajwa. Hata mwongozo wa APA wa mwaka 2019 umeweka maelekezo ya namna ya kutaja mapokeo simulizi.

Shaaban, R. au Robert, S.?

Tasnifu za Kiswahili zina tatizo lake ambalo mashine haitalitatua kamwe. Miongozo tunayoifuata imetungwa kwa watu wenye majina ya ukoo.

Pekua marejeo ya tasnifu chache za fasihi utamkuta Shaaban Robert ameorodheshwa kama "Robert, S." ukurasa mmoja na "Shaaban, R." ukurasa mwingine, kama watu wawili. Mwana Kupona, mtunzi wa utenzi wa mwaka 1858, hakuwa na jina la ukoo, ukimlazimisha kwenye kanuni anageuka "Kupona, M.", jina ambalo hakuna Mswahili anayemjua kwalo.

Yapo pia ya vifupisho. Mmoja anaandika "na wenzake", mwingine "na wengine", wa tatu anaacha cha Kilatini. Taasisi za Kiswahili zingekaa na kutoa mwongozo mmoja wa marejeo wa lugha hii, unaoeleza majina yetu, mahojiano, miswada ya Kiarabu na mapokeo simulizi, zingekuwa zimewatendea wanafunzi wema kuliko leseni ya programu yoyote.

Sheria inaishia wapi

Wapo wanaochanganya wizi wa kitaaluma na uvunjaji wa hakimiliki. Yanakaribiana, lakini si kitu kimoja.

Hakimiliki inalinda namna wazo lilivyoandikwa, si wazo lenyewe, tena kwa muda maalumu. Mkataba wa Berne, ambao Tanzania imo tangu mwaka 1994, unaruhusu kunukuu kazi iliyochapishwa kwa kiasi kinachofaa, kwa sharti la kutaja chanzo na jina la mwandishi.

Taaluma inadai zaidi ya hapo. Utenzi wa Mwana Kupona hauna mwenye hakimiliki leo, na hakuna atakayekushtaki ukichukua beti zake. Ukizichukua bila kumtaja, bado umeiba.

Kabla hujapeleka kazi chapa

- Andika chanzo na ukurasa papo hapo unaposoma. Marejeo ya kutafutwa usiku wa mwisho ndiyo huishia kubuniwa.
- Taja chanzo cha wazo, takwimu, picha na jedwali, si cha maneno tu.
- Jambo linalojulikana na kila mtu, kama Tanganyika kupata uhuru mwaka 1961, halihitaji rejea. Ukiwa na shaka, taja.
- Usitaje kitabu ambacho hukukisoma. Kama umemkuta Fulani ndani ya kitabu cha mwingine, sema hivyo.
- Kazi yako ya zamani ukiitumia tena, itaje pia.
- Kama umetumia akili mnemba, eleza wapi na kwa kazi gani, kisha hakikisha kila chanzo ilichokupa kipo.

Nini kifanyike

Mashine hazina budi kubaki. Mhadhiri mwenye tasnifu lukuki mezani anahitaji msaada, na ripoti ya mfanano humwonyesha pa kuanzia. Kosa ni kuifanya hukumu.

Chuo kinachotaka kulimaliza tatizo hili kinaweza kuanza na hatua tatu zisizohitaji leseni. Kwanza, kila mwanafunzi wa mwaka wa kwanza aandike kazi fupi inayokaguliwa vyanzo tu, arudishiwe, airekebishe, airudie. Pili, msimamizi achague marejeo matano kutoka kila tasnifu, ayafungue, na aweke sahihi kuwa yapo na yanasema kile mwanafunzi anachodai yanasema. Tatu, siku ya utetezi mtahiniwa aulizwe mbele ya jopo: wazo hili umelitoa wapi, na wewe umeongeza nini? Aliyeandikiwa hatajibu. Aliyeshushiwa asilimia hatajibu pia.

Kanuni hizo ziwahusu na maprofesa, kwenye makala zao na kwenye vitini wanavyowagawia wanafunzi. Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni. Na katika elimu haki hiyo ni jina, mwaka na ukurasa. Wahadhiri wasome kazi kwanza, ndipo waifungue ripoti ya mashine. Kwa utaratibu wa sasa, tunatoa shahada kwa namba.